Barua kwa vijana mnaoandika wasifu wa waheshimiwa

Wanangu, marahaba, najua mnanisalimia huku mnanikwepa.

Juzi nilialikwa uzinduzi wa wasifu wa mheshimiwa mmoja hotelini hapa Dar, ukumbi umejaa, nakala moja inanunuliwa milioni kwa makofi, nikaanza kusoma kabla hata soda haijafika. Ukurasa wa kwanza mheshimiwa kazaliwa 1958. Sura ya tatu yumo Arusha na wazee wa TANU wanapitisha Azimio la Arusha. Jamani! Azimio lilipitishwa mwisho wa Januari 1967, likatangazwa Februari 5, sasa huyo mtoto aliingiaje kwenye Halmashauri Kuu? Nikamuuliza mwandishi taratibu, akanijibu eti "mzee mwenyewe ndo kaniambia".

Basi hapo ndo penye ugonjwa wenu. Hiyo siyo kuandika wasifu, hiyo ni imla. Mtu yeyote akisimulia maisha yake anajipendelea, kwa hiyo ukitoka sebuleni kwake katafute aliyegombana naye, aliyebwagwa naye kura za maoni, dereva wake wa zamani, halafu nenda Upanga, Mtaa wa Vijibweni, kwenye Nyaraka za Taifa ukafungue mafaili, uende na maktaba ya Chuo Kuu pale Mlimani ukasome magazeti ya miaka hiyo mpaka macho yaume. Wasifu wa Mwalimu Nyerere uliotoka 2020, wa Shivji, Saida Yahya-Othman na Kamata, ni vitabu vitatu, watu watatu, na pamoja na heshima yote waliyonayo kwake, Mwalimu anakosolewa humo. Mwalimu! Sasa huyo mbunge wako ni nani asiguswe?

Mna vipaji nyie, kuna sentensi zenu nazisoma mara mbili kwa utamu, ndo maana naumia nikiona kijana wa hivyo anageuka chawa kwa sababu ya bahasha.

Mengine nayataja tu. Rekodi kila mahojiano, na kila noti iwe na tarehe. Malipo yawe kwenye mkataba kabla hujaandika neno, na mkataba useme mheshimiwa anasahihisha tarehe na majina, hafuti sura. Na siyo lazima awe mheshimiwa, Shaaban Robert alimwandika Siti binti Saad, mwimbaji aliyewahi kuuza vyungu.

Ila siyo nyie tu. Nchi hii MC analipwa, mpambaji analipwa, mpiga picha analipwa, mhariri anaambiwa "tutaona mzee" na mswada anaupata siku mbili kabla haujaenda kiwandani. Mji huuhuu, shirika la uchapishaji la TPH, la Walter Bgoya, lilishiriki kutoa kitabu cha mwanahistoria Walter Rodney mwaka 1972 kikasomwa dunia nzima, leo tunachapa albamu za picha tunaziita historia, zinagawiwa maofisini, hakuna anayezifungua.

Mwenye mswada aulete, bado nipo Sinza palepale. Sura ya kwanza nasoma bure, ila aje na noti zake za mahojiano, na walau mtu mmoja humo awe amemsema vibaya huyo mheshimiwa.