Barua kwa Mwalimu Elia: ile WAC ya kina Nyambui

El Paso, Texas
Septemba 2025

Mwalimu Elia, ndugu yangu,

Shikamoo yangu kwanza ifike kwa Mama, maana najua barua hii utamsomea hata kama nitaandika mambo ya kumchosha. Sisi huku wazima. Watoto wamefungua shule, joto bado halijatushuka shingoni, na mimi naendelea na lori langu: Phoenix, Tucson, Las Cruces, nyumbani, kisha tena Phoenix.

Ujumbe wako wa sauti niliusikiliza Las Cruces nikiwa najaza dizeli, nikaurudia nyumbani. Mke wangu akauliza kuna msiba gani. Nikamwambia hakuna, ni Elia, lazima aanze na mvua na bei ya mbegu ndipo afike kwenye hoja. Hoja yenyewe ikanikosesha usingizi kidogo, ndiyo maana nimeamua kuandika badala ya kukupigia. Simu yako inakatika, na wewe ukisikia jambo kwenye simu unashika nusu.

Nianze na hongera. Baraka amekua! Mara ya mwisho kumwona alikuwa anakimbizana na ndama. Leo chuo cha Marekani kinamtaka. Sisemi ni jambo dogo.

Sasa huyu bwana wa Arusha. Anakwambia kijana "anaingizwa WAC, konferensi ya kina Nyambui", na kwa sababu hiyo utoe pesa ya kumshikia nafasi kabla haijachukuliwa. Elia, nimeishi mji huu alikosoma Nyambui, yule mkimbiaji wetu, miaka mingi sasa. Uwanja aliokuwa akifanyia mazoezi naupita kila mara, pale chini ya majengo ya chuo yaliyojengwa kwa mtindo wa Bhutan, mapaa mapana yaliyotokeza nje kama yapo Himalaya, na upande wa pili wa mto unaiona Meksiko kwa macho yako. Kwa hiyo niruhusu nikueleze hiyo WAC ni nini, halafu uamue mwenyewe kama jina lile ni la kulipia.

WAC, yaani Western Athletic Conference, ilianza 1962. Vyuo sita: Arizona, Arizona State, Brigham Young, New Mexico, Utah na Wyoming. Walitoka kwenye konferensi mbili za zamani, Skyline na Border, wakaona vyuo vyenye uwezo unaolingana wacheze pamoja. Maana konferensi ni hivyo tu: vyuo vinakubaliana kushindana vyenyewe kwa vyenyewe, vinagawana mapato, vinatoa bingwa wao. Haimsajili mwanafunzi, haimlipii ada, haina kitanda cha kumlaza. Hilo ulishike, nitalirudia.

Colorado State na chuo cha hapa, UTEP, walikaribishwa 1967. Na hapo ndipo habari zetu zinapoingia. Miaka ya sabini na mwanzoni mwa themanini, chini ya kocha Ted Banks, UTEP walikuwa balaa. Ubingwa wa taifa wa mbio za nyika waliuchukua 1975, 1976, kisha 1978 hadi 1981 mfululizo. Uwanjani hivyohivyo. Wakenya, Watanzania, Waafrika Kusini, wote mji huu wa jangwa. Nyambui alishinda mita 10,000 za vyuo miaka minne mfululizo, 1979 mpaka 1982, na nyika ya 1980, mwaka uleule aliotuletea fedha ya mita 5,000 kutoka Olimpiki ya Moscow. Shahanga alipita hapa. Barie alipita hapa. Wewe ulikuwa unatusimulia habari za Shahanga pale bwenini kana kwamba ulikuwepo Edmonton, Michezo ya Jumuiya ya Madola ya 1978, anavyoshinda marathoni, na ulikuwa hata kusoma bado hujajua!

Kwa hiyo bwana wa Arusha hakusema uongo. Ila amekuuzia picha ya zamani. Katika wale sita walioianzisha, leo hayumo hata mmoja. UTEP yenyewe ilitoka 2005. WAC ni daladala: abiria wanashuka na kupanda, kibao cha mbele kinabaki kilekile. Na sasa hata kibao kinabanduliwa, nitakufikisha.

Arizona na Arizona State walishuka 1978, wakaenda pwani kwa wakubwa, ile konferensi iliyogeuka Pac-10. San Diego State wakapanda, Hawaii 1979, Air Force 1980. Mwaka 1984 Mahakama ya Juu ya huku ikaamua kwamba NCAA, chama kinachosimamia michezo ya vyuo, haiwezi kuhodhi matangazo ya televisheni ya futiboli yao, ile ya kofia ngumu, vyuo vikauze vyenyewe. Mwaka huohuo Brigham Young wakawa mabingwa wa taifa bila kufungwa hata mechi moja, wakiwa WAC. Ungedhani mambo yatanyooka. Lakini tangu uamuzi ule kila mtu alianza kupiga hesabu: nikiwa na huyu televisheni itanipa ngapi, nikiwa na yule ngapi?

Hesabu ikawapeleka kwenye wazimu wa 1996. Konferensi kongwe ya Texas, Southwest, iliyokuwepo tangu 1914, ilikufa mwaka huo, WAC wakaokota Rice, SMU na TCU, wakaongeza Tulsa, UNLV na San Jose State. Vyuo kumi na sita! Majimbo tisa, kanda nne za saa, kutoka Honolulu hadi Tulsa, kama kilomita 6,000. Wakajigawa makundi manne yenye kubadilishana kila baada ya muda, mpaka mashabiki hawajui mpinzani wao wa mwaka huu ni nani. Mimi ninayeendesha lori najua gharama ya kilomita. Wao nadhani walikuwa wanatazama ramani ya ukutani.

1998 marais wa vyuo vitano wakakutana uwanja wa ndege wa Denver. Uwanja wa ndege, Elia, kama watu wanaotoroka. Wakakubaliana kujitoa, wakawachukua wengine watatu, na 1999 nane hao wakaanzisha konferensi yao, Mountain West. UTEP, waliokaa nao miaka thelathini, hawakuitwa. Kuna wazee hapa, ukiwatajia Denver, kahawa inapoa mezani. Mmoja tunakaa naye kanisani, anasema ugomvi wa mirathi una heshima kuliko ule.

Waliobaki wakaendelea kushika shika. Nevada wakaja, Boise State wakaja, na hao Boise ndio waliowapiga Oklahoma 43-42 siku ya mwaka mpya 2007, mechi ambayo wenyeji hawachoki kuisimulia. Boise nao wakaondoka 2011. Msimu wa 2012 ukawa wa mwisho kwa futiboli ya WAC ya ngazi ile ya juu. Ili isife wakaanza kukusanya popote: 2013 ilikuwamo mpaka Chicago State. Chicago! Mtu akikwambia Chicago ni magharibi, mwulize amesimama wapi.

Nakuchosha, najua. Lakini sasa sikiliza hii.

Mwaka huu WAC ina vyuo saba tu. Julai 2026 wanne wanaondoka. Hicho chuo ulichonitajia kiko Utah, sivyo? Basi vyuo vya Utah vilivyomo ni vitatu na vyote vitatu vimo kwenye hao wanne: kimoja kinakwenda konferensi ya Big West, viwili ile ya Big Sky. Wa nne ni wa California. Watabaki watatu wa Texas, wataungana na watano wa kutoka Alabama, Arkansas, Georgia, Kentucky na Tennessee, na jina linabadilika kuwa United Athletic Conference. Wamelitangaza tangu Juni. Maana yake Baraka akitua huku mwakani mwezi wa nane, hiyo "konferensi ya kina Nyambui" haitakuwepo hata kwa jina, na chuo chake kitakuwa kimeshaondoka. Bwana wa Arusha anakuuzia tiketi ya basi lililobadilishwa njia, na sidhani kama hajui.

Na usidhani wakubwa wamepona. Ile Pac ya pwani, ambamo Mkenya Henry Rono alikuwa chuo cha Washington State alipovunja rekodi nne za dunia 1978, ilibaki na vyuo viwili tu mwaka jana. Sasa inajijenga kwa kuwachukua watu wa Mountain West, na Mountain West, wale wa Denver, kuziba pengo wakakumbuka kuna mji unaitwa El Paso. UTEP wanaingia huko 2026. Yule mzee wa kanisani nilipompa habari alicheka mpaka akakohoa. Akasema, "Miaka ishirini na saba!" Akaagiza kahawa nyingine.

Jambo moja nataka kijana alijue, hata kama huyo bwana hatamwambia. Picha za medali ni nzuri, lakini WAC ileile 1968 Bob Beamon na wenzake weusi wa UTEP waliondolewa kwenye timu kwa kukataa kushindana na Brigham Young, kwa sababu kanisa la chuo kile wakati huo lilikuwa halimpi mtu mweusi ukuhani. Oktoba Beamon akaruka mita 8.90 za kuruka mbali kwenye Olimpiki ya Mexico. Mwaka uliofuata Wyoming wakawafukuza wachezaji weusi kumi na wanne kwa sababu walitaka kuvaa vitambaa vyeusi mkononi kwenye mechi na chuo hichohicho. Chuo kikaja kuomba radhi 2019. Kanisa lilibadili msimamo 1978, na leo vijana wetu wapo Utah wengi tu na wanasoma. Simtishi. Nataka aje akijua kwamba mwanariadha huku ni mwanafunzi mgeni mwenye kocha juu yake, na kocha ana nguvu kuliko unavyofikiri.

Ndiyo narudi palepale: konferensi haimlipii. Anayelipa ni chuo, kwa karatasi. Zamani chuo cha daraja la kwanza kilikuwa na skolaship 12.6 tu za wanaume kwa riadha na nyika pamoja, na hizo zinakatwakatwa vipande: huyu robo, yule nusu. Tangu Julai mwaka huu, kwa vyuo vilivyoingia kwenye utaratibu mpya wa mahakama, hesabu ya skolaship imeondolewa, kimewekwa kikomo cha watu: nyika 17, riadha 45. Inasikika vizuri, lakini chuo hakilazimiki kujaza pesa kwenye kila nafasi hizo. Mtu anaweza kuwa kwenye timu na bado baba yake anadaiwa ada. Kwa hiyo neno "nafasi" analolitumia huyo bwana halina maana mpaka uone tarakimu.

Na kocha wa kweli hamwombi mzazi pesa ya kushikia nafasi. Hilo nimewauliza vijana wawili wa Kikenya wanaokimbia hapa, mmoja alicheka tu, wa pili akaniuliza, "Amekuomba ngapi?" kwa sauti ya mtu aliyewahi kuombwa. Gharama zipo, za mtihani wa Kiingereza, za viza, za kuandikisha vyeti NCAA, lakini hizo unalipa mwenyewe kwa wahusika na unapewa risiti.

Usiuze ng'ombe, Elia. Angalau usiuze kabla hujanijibu haya.

Barua ya ahadi imetoka chuoni, au imetoka kwa huyo bwana? Imeandikwa asilimia ngapi ya ada, na chakula na malazi vimo? Ni ya mwaka mmoja au minne? Akiumia goti mwaka wa pili, inasemaje? Anuani ya barua pepe ya huyo kocha inaishia na jina la chuo, au ni ya bure kama yangu na yako? Baraka ameshaongea naye mwenyewe kwa video, au kila kitu kinapitia Arusha? Muda wake wa mita 5,000 ulipimwa wapi, na nani? Na yeye mwenyewe anataka kusoma nini, maana katika ujumbe wako mrefu wote ule hilo hukuligusa?

Na Paulo yuko wapi siku hizi, bado ana lile duka pale stendi? Mguu wa Mama ukoje? Yule fundi alimaliza paa au bado ni "wiki ijayo"?

Nipigie picha ya hiyo barua, kurasa zote, na nyuma yake pia. Jumapili sifanyi kazi, nitakaa nayo na mmoja wa hao vijana tuisome mstari kwa mstari. Namba ya simu ya kocha ikiwemo nitampigia mwenyewe Jumatatu asubuhi, nijifanye mjomba. Si nimeshakuwa mjomba tayari?

Wako,
Yohana wa lori