Huyo msichana anaitwa Settela Steinbach

Mhariri,

Makala yenu kuhusu Harun Farocki, mtengenezaji filamu wa Kijerumani, tumeisoma na tumeipenda. Tatizo ni picha iliyo juu yake: msichana mwenye kitambaa cheupe kichwani, anachungulia mlangoni mwa behewa. Mmeandika "msichana wa Kiyahudi". Huyo ni Settela Steinbach, Msinti wa Uholanzi (Wasinti ni tawi la Waroma), umri miaka 9. Dunia nzima ilimwita Myahudi mpaka mwaka 1994, mwandishi wa habari Aad Wagenaar alipomtambua. Kosa ni la zamani, lakini kulikuta kwenye makala ya Farocki kunashangaza, maana huyu bwana alitumia maisha yake kuonyesha jinsi watu wanavyoipachika picha maelezo kabla ya kuitazama.

Picha imetoka kwenye filamu ya milimita 16 iliyopigwa mwaka 1944 katika kambi ya Wanazi ya Westerbork, Uholanzi, ambako watu walipakiwa kwenye treni za kwenda kambi kama Auschwitz, kambi ya mauaji huko Poland. Mkuu wa kambi, Albert Gemmeker, ndiye aliyeagiza ipigwe, na mpigaji alikuwa mfungwa Myahudi, Rudolf Breslauer. Mwaka 2007 Farocki aliichukua akatengeneza filamu yake Aufschub, ya dakika 40. Hakuna muziki, hakuna msimulizi. Inapita picha, kisha maandishi mafupi, kisha picha ileile inarudi na safari hii unaona kilichokupita.

Chukueni lile sanduku. Mwanamke mgonjwa anasukumwa kwenye kigari kuelekea kwenye treni. Sanduku lake lina jina na tarehe ya kuzaliwa, ila maandishi yanababaisha: F. au P. Kroon? Mwaka 82 au 92? Katika orodha ya waliosafirishwa yumo Frouwke Kroon, aliyezaliwa tarehe 26 Septemba 1882, akaondoka tarehe 19 Mei 1944. Basi siku ya treni ikajulikana, na ndiyo treni ya Settela. Ubavuni mwa behewa idadi ya watu imeandikwa kwa chaki, 74. Baadaye inasomeka 75.

Vitu hivyo havionekani ukiwa umewekewa kinanda cha huzuni. Wapo wanaoionyesha Aufschub kumbini na kuongeza muziki wakidhani sauti imekatika. Sauti haikukatika; filamu ni ya kimya. Kama watazamaji wanahitaji Kiswahili, mtu mmoja awasomee maandishi yanapokuwa kwenye skrini, kisha anyamaze picha ikirudi. Akiendelea kueleza juu ya picha, watu watamsikiliza yeye na chaki itawapita.

Ni somo lilelile la filamu ya Farocki ya 1988 kuhusu picha zilizopigwa na ndege ya upelelezi ya Afrika Kusini tarehe 4 Aprili 1944. Wachambuzi waliagizwa kutafuta kiwanda, wakakiona. Kambi ya Auschwitz ilikuwa kwenye picha hizohizo, na hawakuiona.

Tunaomba marekebisho yatoke kwenye ukurasa uleule: jina, umri na tarehe. Na pale palipoandikwa "Picha: Maktaba", wekeni Rudolf Breslauer. Naye alipelekwa Auschwitz kabla mwaka 1944 haujaisha.

Wasomaji wenu