Taarifa ya Mwenyekiti kwa Mkutano Mkuu wa Mwaka: Walio Hai Nao Wahesabiwe

Wazee wetu, ndugu wanachama, wakamwana wetu, na nyinyi watoto mliopanda mlima jana usiku na mabegi kichwani kwa sababu gari liligoma kwenye kona ya mwisho: karibuni nyumbani.

Hesabu za fedha ameshazisoma mweka hazina, sitazirudia. Ila kuna jambo halikuandikwa kwenye hesabu zake kwa sababu ya heshima aliyonayo kwangu, na afadhali niliseme mwenyewe. Mwezi wa nne familia moja ya chama hiki chetu cha kuzikana ilifiwa, na rambirambi ya chama ikawafikia siku ya tano, maiti imeshazikwa, unga na sukari vimeshakopwa dukani. Sanduku letu lina kufuli tatu na funguo tatu kwa watu watatu, kama tulivyofundishwa kwenye vikoba, ili asije mtu akalifungua peke yake. Ufunguo wa tatu ulikuwa kwenye mkoba wangu, na mkoba ulikuwa Moshi, kwenye foleni ya daktari wa macho. Nimeshakwenda kwenye nyumba ile kuomba radhi. Leo naomba radhi mbele yenu. Tangu hapo kila mwenye ufunguo ana msaidizi wake, na anayesafiri huuacha.

Sasa nije kwenye lililonikosesha usingizi.

Chama hiki kilianzishwa na vijana wa mlima huu wa Upare waliokuwa kazini mijini, na shida yao ilikuwa moja: mwenzetu akifia huko, maiti itafikaje nyumbani? Ndiyo maana ibara ya kwanza ya katiba yetu inataja kuzikana kabla haijataja kitu kingine chochote. Kazi hiyo tumeifanya vizuri. Nasema bila kujisifu, hakuna mtoto wa hapa aliyezikwa ugenini kwa kukosa nauli ya jeneza.

Mwaka huu tumepokea majeneza manne kutoka chini ya mlima. Usiku mmoja nilikaa na daftari la mahudhurio, nikajiuliza: katika hawa wanne, ni yupi tuliyewahi kumpokea akitembea kwa miguu yake katika miaka kumi iliyopita? Nikampata mmoja. Wale wengine watatu tuliwajua kwa michango yao iliyokuja kwa simu kila mwezi, na kwa sauti zao. Watoto wa mmoja wao waliposimama kaburini hawakujua wamwite nani shangazi na nani bibi. Ilibidi wasimame tu, na sisi tukawatazama kama wageni wa serikali.

Serikali nayo ina hesabu yake. Sensa ya 2022 ilimwandika kila mtu pale alipolala usiku wa kuamkia tarehe 23 Agosti, na ikapata Watanzania 61,741,120. Watoto wetu waliandikwa Mbagala, Tegeta, Arusha na Tanga. Sisi huku tunamwandika mtu pale atakapozikwa. Katikati ya hesabu hizo mbili kuna maisha mazima ya mtu, na hayo hayamo kwenye daftari letu.

Nianze na mzee wetu wa mkonge, ambaye ameniruhusu nimtaje bila jina. Aliteremka mlima akiwa kijana, akaenda Tanga kukata mkonge. Wakati ule mkonge ulikuwa mkonge kweli. Mwaka 1964 nchi ilitoa zaidi ya tani 200,000, na kijana aliyerudi likizo na redio alikuwa bwana harusi tayari. Halafu nyuzi za plastiki zikaingia sokoni, bei ikaporomoka, mashamba yakabadilika mikono, na kufikia mwisho wa miaka ya 1990 kilichobaki kilikuwa kama sehemu moja ya kumi. Mzee akabaki kambini. Nilipomuuliza kwa nini hakurudi, alinijibu kwa swali: ningerudi na nini?

Mwezi wa sita amerudi, na begi moja na kisu cha kukatia mkonge. Hakuna aliyempigia vigelegele. Mtoto wa kaka yake amekuwa akililima shamba la mzee miaka yote hiyo, amelipandia ndizi, na kwa haki ya Mungu amelitunza. Shauri likafika baraza la ardhi la kijiji, lile la wajumbe saba ambao watatu kati yao sharti wawe wanawake. Kazi yao ni kusuluhisha, na walikaa vikao vinne. Mzee alipata kipande cha juu chenye visiki vya kahawa, na chumba. Kijana alibaki na ndizi zake. Mpaka leo hawasalimiani sawasawa, nami sitawadanganya kwamba yamekwisha. Lakini jioni utamkuta mzee ameketi na watoto kwenye ua wa katani, anawafundisha kusokota kamba za kufungia mbuzi, na kamba hizo zimeshaanza kuonekana gulioni. Huyu tumempokea akiwa hai. Katiba yetu haina fungu hata la shilingi moja kwa ajili yake. Angefika ndani ya sanduku, tungekuwa na bajeti.

Mambo ya ndiva sasa. Nitakaa hapa kidogo, mnivumilie.

Kwa watoto waliozaliwa mjini: maji ya kijito chetu wakati wa kiangazi ni kama uzi. Ukiyaachia mferejini yaende yenyewe, yananywewa na udongo njiani, shamba la chini haliyaoni. Wazee wa Upare wakajenga ndiva, bwawa la udongo. Maji hukusanyika usiku kucha, asubuhi mlango hufunguliwa, na yakitoka kwa pamoja yana nguvu ya kufika mbali. Kila mwenye shamba ana zamu yake. Ndiva ikibomoka, zamu hazina maana.

Masika ya mwaka huu yalitoboa ukingo wa kaskazini. Msaragambo, kazi yetu ya pamoja isiyo na malipo, ukaitishwa. Siku ya kwanza walifika wanawake, wazee, na vijana ambao vidole vya mkono mmoja vilitosha kuwahesabu. Wenzao walikuwa juu ya bodaboda, wakituambia tutafute greda. Greda ipandie wapi?

Siku hiyohiyo wanachama wa mjini wakatuma pesa ya vibarua badala ya kuja. Nilikataa kwa hasira. Siku ya tatu nikakubali, maana mahindi yalikuwa yanakauka na hasira haimwagilii. Wapo mnaosema mwenyekiti ameua msaragambo kwa kuufanya ajira. Nimelifikiria sana, na nadhani mna nusu ya haki. Vibarua waliziba ukingo vizuri kabisa. Lakini kijana aliyetuma pesa hajui tobo lilikuwa upande gani, na likitoboka tena hataumia rohoni, atauliza tu ni shilingi ngapi.

Aliyekuja siku zote, kuanzia ya kwanza mpaka ya mwisho, ni mkamwana wetu kutoka Singida. Mnamjua. Mumewe tulimzika mwaka juzi, na baada ya arobaini wapo ndugu waliomshauri, kwa upole wa nje, arudi kwao. Hakurudi. Ana watoto wawili na shamba la marehemu. Alibeba udongo kwa karai mpaka utosi ukavimba. Ukingo ulipokamilika tukapanga zamu upya, na sauti moja, sitaitaja, ikasema: mgeni hana zamu.

Nilinyamaza siku ile, na ukimya wangu haukuwa wa busara. Nilikuwa natafuta la kusema. Leo ninalo. Sheria ya Ardhi ya Vijiji, Namba 5 ya mwaka 1999, inasema haki ya mwanamke kupata, kumiliki na kutumia ardhi ni sawa na ya mwanamume, na kwamba mila inayomnyima mwanamke haki hiyo haina nguvu. Najua mtanisahihisha kwamba nazungumzia ardhi na ninyi mnazungumzia maji ya ndiva. Sawa. Lakini shamba lisilo na zamu huku kwetu ni kiwanja cha kuchungia mbuzi, kila mtu hapa analijua hilo. Na wanaopenda kunikumbusha mila nao wakumbuke kwamba miaka ya 1940, Upare ilipokataa kodi ya mbiru ya wakoloni, wanawake walitoka wakaandamana. Hakuna aliyewachuja kwanza nani mzaliwa na nani kaolewa.

Kamati ya maji imempa zamu, Jumatano na Jumamosi. Tena amekabidhiwa daftari la zamu, kwa sababu ndiye pekee ambaye hana mjomba wa kumpendelea. Malalamiko ya kurukwa yamepungua. Hayajaisha, la sivyo tusingekuwa Wapare.

Kuhusu wajukuu wanaolelewa na bibi zao: ada iliondolewa tangu 2016, lakini sare, madaftari na mahindi ya uji wa shule havikuondoka nayo. Bibi mmoja ana wajukuu watano kutoka kwa watoto watatu. Tumemsaidia mahindi mara mbili. Wazazi wa watoto hao wako hapa mkutanoni leo, nimewaona, nami sitawatazama.

Bati za ukumbi zimefika. Misumari haijafika. Timu ya mpira imefungwa.

Mapendekezo ya kamati yako matatu, na kura ni leo. La kwanza, ibara ya uanachama ibadilishwe: neno "mzaliwa" lisikae peke yake, iandikwe mzaliwa, aliyeolewa au kuoa hapa, na aliyehamia akaishi nasi miaka mitatu. Mjane asipoteze uanachama kwa kufiwa. La pili, sehemu moja ya tano ya mfuko wa mazishi itengwe kwa anayerudi akiwa hai: nauli, godoro, na chakula cha mwezi wa kwanza. La tatu, kila familia ya mjini ilete watoto walau mara moja kila miaka miwili. Tangu treni ya abiria ya Moshi iliporudi mwaka 2019, ukubwa wa nauli si kisingizio tena kama zamani. Najua wapo watakaosema tunachezea pesa za marehemu. Wasimame waseme, muda upo.

Baada ya kura kuna makande. Kesho saa moja asubuhi ni msaragambo wa kuondoa tope ndani ya ndiva, na safari hii pesa ya simu haipokelewi, maana wote mpo. Anayejua ulipo ufunguo wa stoo ya majembe aulete kabla ya chakula. Mkoba wangu nimeshaupekua mara mbili, haumo.