Somo, ile ramani yetu bado unayo?

Lamu, Mkomani

Somo yangu,

Salamu nyingi, na za mama, anayesema umemtupa. Sisi hatujambo, alhamdulillahi, ila paa la ukumbini linavuja, na ndilo lililonishikisha kalamu baada ya kimya cha miaka miwili. Nilikuwa nashusha masanduku fundi apate kupanda, na chini ya kasha la bibi nikakuta daftari letu, lile la jalada la buluu. Ukurasa wa kwanza mwandiko wako: “Safari za Chombo Chetu Bahari ya Wakati. Nahodha: Somo. Rubani: Somo.” Niliketi palepale vumbini nikalisoma lote. Fundi ananiita juu, simsikii.

Lakini daftari hili ni la safari tu. Ramani uliichukua wewe mlipohamia Malindi. Nakuomba sana uitafute.

Ukurasa wa saba tumetia nanga Takwa, ule mji wa magofu kisiwani Manda, watu hawajauhama. Umeandika: “Moshi wa majikoni unaonekana. Tusishuke sote. Maji yakipwa tutapwelewa huku, na huku si Manda ya leo.” Ulikuwa na miaka 12, Somo! Hori la Takwa mpaka sasa haliingiliki ila maji yakijaa, na wewe ukaligeuza mlango wa karne ya 17. Nimelisoma mara tatu, na kila mara moyo unanienda mbio kama ndimi niliyeachwa ufukweni.

Na ule ugomvi wa mtepe, chombo cha kale cha kushonwa! Wewe ulishikilia chombo kishonwe kwa kamba za nazi, kwa kuwa msumari hushika kutu, na kutu ndiyo meno ya wakati. Mimi nikasema tanga la mtepe ni mkeka wa mraba, halipigi bisho vizuri, halikabili upepo, na katika bahari ya wakati upepo ni mmoja tu. Hakuna kaskazi ya kukupeleka wala kusi ya kukurudisha. Nani atakwenda jana bila kupiga bisho? Sasa nakupa haki yako: ubavu uwe wa mtepe, tanga liwe la jahazi. Nilimweleza fundi wetu wa Matondoni. Macho yamempungua nuru, siku hizi anaujua ubao kwa kuupapasa kwa kidole gumba. Hakucheka. Aliniuliza urefu wa mkuku.

Lililoninyima usingizi lakini ni ukurasa wa mwisho, pale tulipokwama. Nahodha atajuaje yuko wakati gani? Tulishapima kina kwa bildi, tukahesabu kwa miongo badala ya pima, kama wazee walivyouhesabu mwaka wa Nairuzi, ule mwaka wa jua wa Waswahili, siku 365, kumi kumi. Ila bildi hukwambia kina, haikwambii uko wapi.

Kwenye bahari ya maji Waingereza walihangaika vivyo hivyo na longitudo, mpaka seremala mmoja, John Harrison, akaunda saa isiyoyumbishwa na mawimbi. Mwaka 1761 ilisafirishwa kwenda Jamaika, na baada ya siku 81 ilikuwa imechelewa sekunde 5 hivi. Nahodha anabeba saa ya nyumbani, anailinganisha na jua la alipo, na kila saa moja ya tofauti ni digrii 15. Yaani kujua mahali, unabeba wakati.

Basi nilimsimulia haya mtoto wa dada, yule mdogo. Akanyamaza kitambo, kisha akasema: “Ninyi basi mlitakiwa mbebe mahali.”

Kubeba mahali! Miaka yote hii, Somo, na jibu liko kinywani mwa mtoto anayesinzia. Nikamuuliza, tubebe nini? Akasema jiwe la baraza. Alfajiri nikatoka kulitazama. Katikati limebonyea, laini kama sabuni iliyotumika, kwa kukaliwa tu. Nikaona sasa: tukilipakia hili la leo, tukafika kokote huko nyuma, tunashuka, tunalipima na lenyewe lilivyo huko. Tofauti ya mbonyeo ndiyo masafa. Ndiyo saa yetu ya Harrison! Tangu hapo kila nikipita barazani nalipitishia kiganja.

Kwa hiyo ramani naitaka kwa haja, si kwa kumbukumbu tu. Mtoto keshachonga kalamu za rangi, na mimi nimemwahidi kwamba bandari zote zimo, hata Malindi ya twiga wako, yule aliyefika Uchina mwaka 1415, uliyemchora shingo imepita foromali, mti wa tanga.

Ipo lakini? Panya hawakuifikia? Mwaka 1498 ulimtia Vasco da Gama na rubani wake, au tuliishia kubishana? Na ukipita kwenye nguzo yake hapo, hebu itazame chini: bahari imelila jabali kiasi gani tangu tulipokuwa tukiruka pale? Mama yako mzima mgongo? Utakuja Maulidi? Na kule mbele ya omo, upande wa kesho tulioacha mweupe, uliandika neno kwa penseli ukalifunika kwa mkono nisilione. Uliandika nini?

Somo yako