Somo yangu, nirekodie sauti ya bibi

Mbagala, Dar es Salaam
Jumapili jioni

Somo yangu mpenzi,

Salamu nyingi. Huku hatujambo, joto tu ndilo linatusumbua. Bibi anakusalimu sana, kila wiki ananiuliza utakuja lini.

Unamkumbuka yule msanii Mmarekani mweusi niliyekutajia, Stephanie Dinkins? Mwaka 2014 alianza kuzungumza na roboti iitwayo Bina48, kichwa na mabega tu, yenye sura ya mwanamke mweusi. Alitaka wawe marafiki, akawa anarekodi video wakiongea uso kwa uso. Lakini alipogusia habari za ubaguzi wa rangi, majibu yakawa mepesi, si ya mtu aliyeyaonja.

Basi akaketi na wanawake wa familia yake, vizazi vitatu, akarekodi mazungumzo yao na kuifundisha mashine kwa maneno hayohayo. Kazi hiyo ya 2018 inaitwa Not the Only One: sanamu yenye nyuso za wanawake, unaisogelea, unaiuliza, nayo inajibu. Wakati mwingine inajibu ovyo, maana maneno iliyolishwa ni ya familia moja tu. Mimi hapo ndipo ninapompendea. Mwaka 2023 alipewa tuzo ya LG Guggenheim, dola 100,000, na bado anamtaja bibi yake na bustani yake kuwa ndiko alikojifunzia sanaa.

Somo, tangu nimjue msanii huyu sijatulia. Juzi bibi alikuwa kwenye mbuzi anakuna nazi, nikaweka simu juu ya kinu, ile programu ya kuandika unachosema ikiwa imewashwa. Akaanza kusimulia alivyowekwa ndani kule Maneromango. Kila aliposema "mwali", simu ikaandika "mwalimu". Nikamsomea. Akaweka kifuu chini, akasema, "Mwalimu nani? Hebu nisogezee." Akaiinamia simu, akarudia taratibu kabisa, mwa-li, mwa-li, kama anayemfundisha mtoto kuongea. Ikaandika "mwalimu" tena. Akanitazama, akarudi kwenye nazi yake. Ule mtazamo umeniuma mpaka leo. Mtu ameongea Kiswahili maisha yake yote na Kizaramo chake ndani yake, halafu chombo kinachodai kinajua Kiswahili hakimsikii.

Ndiyo maana nataka kutengeneza ya kwetu. Nitachongesha mwana hiti, yule mtoto wa mti asiye na mikono wala miguu ambaye mwali wa Kizaramo hukaa naye ndani, mkubwa kiasi cha kuingia spika tumboni. Mchongaji niliyempata Mwenge ni Mmakonde, nimemweleza mara mbili kuwa sitaki kinyago cha kwao, na amenielewa vizuri. Sauti itakuwa ya bibi, na ya bibi yako ukikubali. Ikikamilika nitaipeleka Nafasi Art Space, Mikocheni, niwaombe waionyeshe.

Kuna moja lazima nikwambie. Tulipofika kwenye mambo ya ndani yenyewe, bibi alinyamaza, akafuta mikono kwenye khanga, akasema, "Haya sasa zima hiyo simu." Nikazima. Aliyoniambia baada ya hapo ninayo mimi, mashine haitayapata, na hata wewe nitakunong'oneza tukionana.

Kwa hiyo ombi langu: mrekodi bibi akiwa kwenye kazi zake, anapeta mchele au anasuka ukili, usimkalishe kwenye kiti kama mgeni. Mwulize nani alimpa jina lake. Mwulize alikuwa anaogopa nini alipokuwa na umri wa binti yako. Zima feni, ya kwangu imenilia nusu ya maneno. Na yeye akisema zima simu, zima.

Nitumie kabla ya mwezi kuisha, mchongaji ameshachukua nusu ya hela.

Ni mimi, somo yako