"Hakuwa hivi": tunachotafuta mbwa mpole anapouma

Simu nyingi tunazopokea sisi wakufunzi wa mbwa huanza na maneno mawili: "Hakuwa hivi." Mbwa aliyelala miguuni pa watoto miaka minne, leo kamng'ata mmoja wao mkono. Halafu linafuata swali la pili, tutamfunza adabu kwa siku ngapi. Jibu letu huwaudhi baadhi ya wateja: mpeleke kwanza kwa daktari wa mifugo.

Hatukwepi kazi. Mmoja wa mbwa tulioletewa kwa kosa la namna hiyo alikuwa mtulivu kabisa, anakubali kushikwa makucha, mkia, hata mdomo. Mkono ulipokaribia sikio la kushoto, akakauka. Hakunguruma wala kukenua meno. Alifunga mdomo, akajilamba pua mara moja, akageuza uso huku macho yakibaki kwetu hadi weupe wake ukaonekana. Asiyejua angesema katulia. Tukarudisha mkono. Daktari alipolichungulia sikio hilo akakuta usaha mpaka ndani. Na yule mtoto alikuwa akifanya nini siku ile? Akimkuna sikio, kama kila siku.

Maumivu ndiyo sababu inayosahaulika kuliko zote. Jino bovu, nyonga zilizolika, macho yanayofifia: mbwa hana namna ya kulalamika, ana meno tu. Hata sisi watu, aliyekesha na jino hajibu salamu vizuri asubuhi.

Tahadhari moja haingoji miadi yetu. Mnyama akibadilika ghafla na akamuuma mtu, fikiria kichaa cha mbwa. Osha jeraha kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15, kisha aliyeumwa aende hospitali siku hiyo hiyo akaulizie chanjo. Asisubiri dalili, maana zikishaanza, karibu hakuna anayepona.

Daktari akisema mwili ni mzima, tunageukia woga. Wengi wanaoitwa mbwa wakali ni waoga waliokosa pa kukimbilia. Mtoto wa mbwa hujifunza kipi cha kawaida duniani takriban kati ya wiki ya 3 na ya 14 ya maisha yake. Aliyezipitisha wiki hizo bandani, bila kuona wageni, watoto wala baiskeli, atakuja kuviona vyote hivyo kama hatari. Mnyororo mfupi unazidisha. Hawezi kuondoka, kwa hiyo anakuondoa wewe.

Woga na ukali hukaa jirani ndani ya ubongo. Walter Hess, mtafiti wa Uswisi aliyepata Tuzo ya Nobel mwaka 1949, alisisimua kwa umeme sehemu ya ndani ya ubongo wa paka iitwayo haipothalamasi, na paka akatunisha manyoya na kufoka kana kwamba amekutana na mbwa. Binadamu ana sehemu hiyo pia. Tunachowazidi ni ukubwa wa sehemu ya mbele ya ubongo, ambayo ndiyo breki, na breki hiyo hulegezwa na pombe na kukosa usingizi.

Sasa tufike kwenye jambo linalotukera kuliko yote: kumchapa mbwa kwa sababu amenguruma. Kunguruma ni onyo. Ukimchapa, umenyamazisha king'ora na moto umeuacha unawaka. Safari ijayo hatanguruma. Ataruka moja kwa moja kwenye meno, nawe utasema kauma bila sababu. Isitoshe, watoto wanatazama. Mwaka 1961 Albert Bandura na wenzake walionyesha kwamba watoto waliomwona mtu mzima akimpiga mwanasesere walimwiga, mara nyingine kwa mapigo yale yale. Mtoto aliyeona mbwa akichapwa naye atachukua fimbo, na mbwa hatamvumilia kama anavyokuvumilia wewe.

Kuhasi tunaulizwa sana. Husaidia baadhi ya madume wanaogombana wao kwa wao. Mwoga ukimhasi, utabaki na mwoga aliyehasiwa.

Ziara yetu ya kwanza hatumgusi mbwa. Tunakaa, tunatazama, tunauliza. Mafunzo yenyewe ni ya polepole: kinachomtisha tunakiweka mbali, kiasi kwamba anakiona na bado anaweza kula, kisha tunakisogeza kidogo kidogo, siku kwa siku. Kola za umeme hatutumii. Idadi ya siku hatuahidi, na anayekuahidi bila kumwona mbwa wako, muulize ameijuaje.

Kabla ya kutupigia, andika mara tatu za mwisho alipokuwa mkali: saa ngapi, alikuwa wapi, nani alikuwa karibu, mkono ulielekea wapi, na nini kilitokea dakika moja kabla. Uje na karatasi hiyo pamoja na kadi yake ya chanjo.