Mwizi ametoka, mwenye karafuu hana habari

Mhariri,

Gazeti lako nalisoma miaka mingi na sijawahi kukuandikia hata mstari mmoja. Leo nimeshindwa kunyamaza, kwa ile habari yenu ya yule bwana aliyehukumiwa miaka saba kwa wizi wa ng'ombe, rufaa ikambakishia mitatu kwa kuwa ni mkosaji wa mara ya kwanza. Na yule ng'ombe, nadhani, ilikuwa mara yake ya kwanza kuchinjwa.

Sina ugomvi na rehema. Mpwa wangu aliyesomea sheria chuo kikuu cha Tunguu amenieleza kuwa jaji wa rufaa hagusi adhabu ovyo. Mpaka aone hakimu wa chini amekosea msingi wa sheria, au adhabu imepita kiasi, au kuna jambo limesahauliwa, kama ile miezi mtu aliyokaa rumande. Nimemuelewa. Langu mimi ni jengine.

Msimu wa 2018 nilivunjiwa banda usiku, yakachukuliwa magunia mawili ya karafuu kavu, kilo 96. Daraja la kwanza lilikuwa shilingi 14,000 kwa kilo, piga hesabu mwenyewe. Aliyekamatwa ni kijana wa shehia ya pili, na mama yake nimesoma naye chuo kimoja cha Kurani. Kabla ya kesi walikuja wazee watano, shemeji yangu akiwa ndani yao, wakakaa barazani mpaka Isha: tusameheane, sisi sote wamoja. Muhali huo, yaani kuoneana haya kwa udugu na ujirani, Mhariri, unaujua. Kila siku tunaambiwa redioni kuwa kesi zinakufa kwa sababu ya muhali, wananchi hatuji kutoa ushahidi. Basi mimi nilikwenda. Nilikwenda mara sita kwa gari ya abiria. Mara tatu hakimu hayupo, mara moja faili halionekani. Nikashika Msahafu, nikamtaja kijana wa watu mbele ya mama yake. Akapewa miaka mitatu na kunilipa fidia ya gunia moja ambalo halikupatikana. Shemeji hakukanyaga kwangu Idi mbili. Mwaka haujaisha, niko sokoni nachagua samaki, nasikia nyuma yangu: "Asalamu alaykum, mzee wangu." Yeye! Kanenepa, na adabu juu. Nikadhani katoroka. Kumbe rufaa ilikwisha kusikilizwa, adhabu ikapunguzwa ikawa ni ule muda aliokwisha kuutumikia, akafunguliwa mlango siku ile ile. Muuza samaki alikuwa anajua. Muuza urojo wa pembeni alikuwa anajua, na alijua mpaka gari aliyorudi nayo. Mimi niliyeibiwa ndiye wa mwisho.

Nikamuuliza mpwa wangu, vipi? Akanambia kwenye rufaa ya jinai kuna mrufani, yaani aliyekata rufaa, na mjibu rufaa, na mjibu rufaa ni Mkurugenzi wa Mashtaka, anayeshitaki kwa niaba ya serikali. "Wewe, mjomba, ulikuwa shahidi tu." Shahidi tu! Nilipolala bandani na mbu nikilinda kilichobaki, mbu hawakujua kama mimi ni shahidi tu. Ilielezwa mbele ya jaji kuwa kijana ana mama anayemtegemea, na ni kweli anamtegemea. Nani aliyesema kuwa fidia sijaiona hata senti moja? Pengine adhabu ingepunguzwa vile vile. Lakini ingepunguzwa kwa kujua.

Na maadam nimeshika kalamu, zile karafuu. Gunia moja lilipatikana, likawekwa kituo cha polisi kuwa kielelezo cha ushahidi. Nimekuja kukabidhiwa baada ya hukumu, limeota ukungu, linanuka kama godoro la mtoto mchanga. Nilipolipeleka kuuza, mpimaji alitia mkono, akautoa, akaufuta. Si lipigwe picha, lipimwe kilo, mwenyewe atie saini akauze? Karafuu si panga, ukaiweka kabatini miezi kumi ukaikuta vile vile.

Tena sisi Zanzibar jela tumeipa jina zuri, Chuo cha Mafunzo. Sikatai. Ila chuo ninachokijua mimi, mwanafunzi akitolewa kabla ya wakati mzee huitwa akaambiwa.

Ushauri wangu ni mdogo. Kila sheha ana pahala pa kubandika matangazo. Rufaa ikifunguliwa, karani aandike karatasi moja: fulani amekata rufaa, itasikilizwa siku fulani, mahkama fulani. Adhabu ikipunguzwa, aandike ya pili, na sababu zake, kwa Kiswahili, herufi kubwa, kwa sababu miwani yangu ni ya zamani. Zibandikwe kwa misumari minne, si miwili. Kwetu upepo wa kusi hauna mchezo. Na kama tatizo ni karatasi, nipo tayari kununua rimu moja kwa pesa zangu, akipatikana tu mtu wa kulinunua lile gunia lenye ukungu.

Mwenye banda,
Wete, Pemba